Chenji

Watu wa vyuo wamekuja tena Tororo na vinasa sauti.
Wanauliza Malaki Tierney alilala wapi, alikunywa nini,
eti ni kweli alimtupia askofu kiatu?
Nawaonyesha nyumba. Sasa ni duka la mbolea.
Nawaonyesha dirisha lililotazama Mwamba.
Kinachobaki sikionyeshi.

Mimi Apolonia Nyaketcho, binti wa koplo,
Kiswahili changu cha kambi ya polisi, kimekunjwa kama shuka la ukaguzi.
Nilimpigia taipu michezo minne
kwa senti thelathini ukurasa,
utepe juu yangu.

Alishuka treni ya mizigo, miaka ile kiwanda cha saruji
kilipoanza kupaka mipera unga wa kijivu.
Kwao Ailandi walimzomea mpaka baharini:
mchezo wa kwanza, mayai; wa pili, viti;
wa tatu, waraka ulisomwa makanisani,
na mama yake mzazi, benchi la mbele, akaitikia Amina.
Hilo alinisimulia mara moja tu,
akiosha kikombe ambacho tayari kilikuwa safi.

Usidhani alikuwa mtu mwema.
Alimwambia mkaguzi wa shule ana akili za birika.
Alinyonya malwa na mafundi wa reli
akawaudhi kwa kushinda kila ubishi.

Habari ya shangazi Nyafwono nilimpa mimi,
bure, kama unavyompa mgeni kiti.
Mtoto alikufa kabla ya maji ya ubatizo.
Padri akasema ardhi ya kanisa si yake,
ila kwa shilingi tano angemwombea nje ya ua.
Mvua ikashuka. Sala ikarukwarukwa
kama mtu avukaye matope.
Shangazi akakinga kiganja:
"Padri, chenji yangu."

Malaki akaandika usiku kucha.
Asubuhi karatasi zilinuka mafuta ya taa.
Alimpa shangazi jina la kwao, akampa bahari, akampa shali,
sawa, nilipiga.
Ukurasa wa mwisho akampigisha magoti:
"Nisamehe, padri."

Vidole viligoma.
Nje mbuzi alikuwa anatafuna tangazo la kodi ya kichwa.
Huyu aliyefukuzwa kwao kwa kukataa kuinama,
leo amechoka? Au amemwona mama yake benchi la mbele?
Sikumuuliza. Mwenye kovu usidhani kapoa.
Nikapiga: anasimama. Nikapiga: kiganja.
Nikapiga: "Padri, chenji yangu."
Nikabandika stempu.

Miezi saba, kimya.
Kisha magazeti, yamefungwa kamba:
taa zimevunjwa, polisi wa farasi,
na mwanamke mmoja juu ya kiti anapaaza, Chenji! Chenji!
hadi ukumbi mzima.
Malaki alisoma amesimama. Akasoma tena ameketi.
Akanitazama muda wa treni nzima kupita, mabehewa ishirini na kitu.
Jioni akaniletea utepe mpya.
Hakuukata kwenye malipo.

Homa ya matumbo ilimchukua kabla ya mchezo wa tano.
Malaki: kitabu cha mwisho,
halafu karatasi tupu, halafu Mathayo.
Alizikwa nje ya ua. Padri nililipa mimi.
Sikudai kitu, sala ilikuwa ndefu.

Sasa wasomi wanagombana juu ya mstari ule.
Ni uasi, ni dhihaka, ni hesabu ya dhambi;
mmoja amejaza kurasa arobaini.
"Bibi, unadhani alimaanisha nini?"
Nawamiminia chai. Wananipa noti kubwa.
Nawarudishia kilichobaki, nakihesabu kwa sauti,
kimoja kimoja, ndani ya kiganja.
Hakuna hata mmoja aliyewahi kuinua uso.